Ukristo Kambini: Utangulizi wa Historia ya Askari Wakristo wa Roma

Wengi wanaoingia katika somo hili huja na swali moja: je, Wakristo wa kwanza waliruhusiwa kuwa askari? Ni swali halali, na limezaa vitabu vya kujaza kabati. Mwaka 1905 mwanahistoria Mjerumani Adolf von Harnack alitoa kitabu chembamba kiitwacho Militia Christi, na tangu hapo mjadala haujapoa. Mwaka 1919, Ulaya ikiwa ndiyo kwanza imetoka kuzika vijana wake, Mwingereza Cecil John Cadoux alichapisha utafiti wake kuhusu Wakristo wa kwanza na vita, akiegemea upande wa amani. Waliopinga vita waliwataja mababa wa Kanisa. Waliotetea vita nao waliwataja mababa wale wale. Kila upande ulipata ulichokwenda kukitafuta.

Nakuomba uliweke swali hilo kando kwa muda. Tatizo lake ni kwamba linatupeleka moja kwa moja kwa maaskofu na waandishi, watu ambao wengi wao hawakuwahi kulala kambini hata usiku mmoja. Mimi hupenda kuanzia chini zaidi. Askari aliyebatizwa, au aliyekuwa akifundishwa ili abatizwe, alifanyaje siku ya mshahara? Alifanyaje siku ya kuzaliwa kwa kaisari, kikosi kizima kilipopangwa mstari mbele ya madhabahu? Ukiuliza hivyo, hata ushahidi uliochoka kwa kusomwa unaanza kutoa majibu mapya.

Tuitazame kambi yenyewe. Katika karne ya 2 Roma ilikuwa na legioni zipatazo 30, kila moja ikiwa na askari elfu tano hivi, mbali na vikosi vya wasaidizi. Legioni iligawanywa katika makundi ya askari wapatao 80, na kila kundi lilikuwa chini ya akida, yule yule tunayekutana naye katika Injili. Askari alitumikia miaka 20 hadi 25 kabla ya kuachishwa kwa heshima. Katikati ya ngome kulikuwa na chumba kitakatifu. Humo ziliwekwa bendera za kikosi pamoja na sanamu za kaisari, na mara nyingi chini ya sakafu yake kulikuwa na hazina ya fedha, zikiwemo akiba za askari wenyewe. Dini, uaminifu kwa dola na mshahara vilikaa chini ya paa moja. Aliyetaka kuvitenganisha alikuwa na kazi.

Jinsi kazi hiyo ilivyokuwa ngumu tunaiona vizuri pale Dura-Europos, mji wa mpakani kando ya mto Frati, mashariki mwa Siria ya leo. Huko waakiolojia walifukua nyaraka za kikosi cha ishirini cha Wapalmira, zilizokuwa zimehifadhiwa katika hekalu lililogeuzwa ofisi ya jeshi. Miongoni mwake imo kalenda ya sikukuu, iliyoandikwa kwa Kilatini kati ya mwaka 223 na 227 hivi, wakati wa kaisari Severus Alexander. Inaorodhesha siku na sadaka yake: tarehe 3 Januari, nadhiri kwa ajili ya usalama wa kaisari, na ng'ombe kwa miungu mikuu ya Roma, tarehe 7 Januari, siku ya kuwaaga waliomaliza utumishi na kulipa mshahara, na sadaka tena. Zinafuata siku za kuzaliwa za makaisari walio hai, kisha za waliokufa na kutangazwa kuwa miungu. Mwezi Mei bendera za kikosi zilipambwa kwa mawaridi. Kalenda hii ilikuwa ratiba ya kazi, iliyoandikwa na karani na kufuatwa kama amri nyingine yoyote.

Sasa tembea dakika chache ndani ya mji huo huo. Karibu na ukuta wa magharibi kulikuwa na nyumba ya kawaida, yenye ua katikati, iliyobadilishwa kuwa mahali pa ibada ya Wakristo. Maandishi yaliyokwaruzwa kwenye plasta yanataja mwaka unaolingana na 232 au 233 BK. Chumba kimoja kilikuwa na birika la ubatizo, na ukutani michoro: mchungaji amebeba kondoo, mtu aliyepooza akiondoka na kitanda chake, Petro akizama majini, wanawake wakilikaribia kaburi. Ni kanisa la kale kuliko yote ambayo tarehe yake inajulikana kwa uhakika wa kiasi hicho. Mwaka 256 hivi Waajemi waliuzingira mji, na askari wa Roma wakajaza udongo nyuma ya ukuta ili kuuimarisha. Nyumba zilizopakana na ukuta zikafukiwa. Mji ulianguka hata hivyo, lakini lile tuta la udongo ndilo lililoihifadhi michoro hiyo hadi ilipofukuliwa miaka ya 1930.

Kalenda ya sadaka na birika la ubatizo, mji mmoja, tofauti ya miaka kumi hivi. Kwa maoni yangu somo zima limo humo.

Rudi sasa kwenye Maandiko. Askari wanamwendea Yohana Mbatizaji kumuuliza wafanye nini. Anawakataza kudhulumu watu na kuwataka waridhike na mshahara wao, hawaagizi waache kazi. Akida wa Kapernaumu anasifiwa kwa imani yake. Kornelio, akida wa kikosi cha Kiitalia kule Kaisaria, anabatizwa pamoja na watu wa nyumbani mwake, kisha Matendo ya Mitume yanamwacha hapo hapo. Kesho yake alirudi kazini? Ilipofika siku ya sadaka alikwenda? Luka hagusi hayo, na kila kizazi kimelijaza pengo hilo kwa namna yake. Baada ya Kornelio inapita zaidi ya karne nzima ndipo askari Mkristo anaonekana tena kwa uwazi katika ushahidi wetu.

Anaonekana kwenye mvua. Katika miaka ya mwanzo ya 170 kaisari Marcus Aurelius alikuwa akipigana na Waquadi kaskazini mwa mto Danube. Jeshi lilizingirwa, likabanwa na kiu, na ghafla mvua kubwa ikanyesha. Wote walikubali kwamba ni muujiza. Walichogombania ni nani aliyeuleta. Mwanahistoria Cassius Dio aliripoti kwamba ni mganga wa Kimisri aitwaye Arnuphis. Kwenye nguzo ya Marcus Aurelius, ambayo bado imesimama mjini Roma, amechongwa mungu mwenye mabawa anayetiririka maji. Wakristo nao walisema ni maombi ya askari Wakristo, na wengine wakaongeza kwamba ndiyo maana legioni ya kumi na mbili ikaitwa Fulminata, yaani ya radi. Hapo walitia chumvi, maana legioni hiyo ilikuwa na jina hilo tangu zamani. Lakini Tertullian wa Carthage, akiandika mwaka 197 kuwatetea Wakristo mbele ya watawala, aliutaja muujiza huo bila kujieleza. Aliwatazamia wasomaji wake wakubali kwamba katika jeshi la Marcus Aurelius Wakristo walikuwemo. Hicho ndicho cha kushika katika kisa hiki, mvua tuwaachie wao.

Tertullian huyo huyo, miaka kumi na minne hivi baadaye, alikuwa amebadilika. Katika kitabu chake kuhusu taji anasimulia tukio ambalo halikuwa limepoa. Kaisari alikuwa amewapa askari bakshishi, nao wakaenda kuipokea wakiwa wamevaa mataji ya majani kichwani, kama desturi ilivyotaka. Mmoja alilishika taji lake mkononi. Wenzake wakaanza kunong'ona, kisha kumzomea, habari ikamfikia mkuu wa kikosi. Alipoulizwa alijibu kwamba yeye ni Mkristo, akapelekwa kizuizini.

Kitabu kizima kinamsifu askari huyo. Lakini kisome tena ukiwaangalia watu wa pembeni. Tertullian analalamika kwamba katika mstari ule walikuwemo ndugu wengine waliovaa mataji yao kama kawaida, wakipokea bakshishi yao. Analalamika pia juu ya Wakristo wa mjini waliomnung'unikia yule kijana: kwa nini achokoze, kwa ajili ya majani tu, na kuhatarisha amani waliyoizoea kwa miaka mingi? Hasira ya mwandishi inawaangukia hao kuliko wapagani. Na kwa hasira yake ametuachia kile ambacho wao wenyewe hawakuandika kamwe, yaani kwamba Wakristo wengi kambini walikuwa wamepata namna ya kuishi. Taji ni majani, kiapo ni maneno, na sadaka ilitolewa na afisa mbele, wao wakiwa wamesimama nyuma.

Hiyo ndiyo njia ya kusoma makatazo yote ya zama hizo. Mkusanyo wa kanuni za Kanisa uitwao Mapokeo ya Mitume, ambao Kigiriki chake cha asili kimepotea karibu chote lakini umehifadhiwa kwa Kilatini, Kikopti, Kiarabu na Kige'ez cha Ethiopia, una kifungu kuhusu kazi za wanaotaka kubatizwa. Askari wa ngazi ya chini afundishwe asiue hata akiamriwa, wala asiape. Mkatekumeni, yaani anayefundishwa ili abatizwe, au mwamini atakayetaka kujiandikisha jeshini afukuzwe. Watetezi wa amani hukitumia kifungu hiki kama nguzo, na ni nguzo kweli. Ila angalia kinatofautisha nini: anayetaka kuingia jeshini anakataliwa, aliye ndani tayari anapewa masharti. Mtunga kanuni alikuwa na askari mlangoni pake na alipaswa kuamua la kufanya nao. Mwanateolojia Origen, akimjibu mkosoaji mpagani Celsus mwaka 248 hivi, alichukua njia nyingine. Celsus alikuwa amewashutumu Wakristo kwamba wangemwacha kaisari peke yake mikononi mwa maadui. Origen akajibu kwamba wao humpigania kwa sala, kama makuhani wa hekaluni wanaosamehewa vita ili mikono yao ibaki safi. Ni jibu zuri, na ni jibu la msomi. Sijui akida angelisikia vipi.

Kwa bahati tunaye akida wa kumsikiliza. Mwaka 2005, ndani ya eneo la gereza la Megiddo kaskazini mwa Israeli, uchimbaji ambao wafungwa wenyewe walishiriki ulifichua sakafu ya mozaiki yenye eneo la mita za mraba 54 hivi. Ilikuwa ya ukumbi katika jengo lililokuwa jirani na kambi ya legioni ya sita, Ferrata. Jengo lenyewe lilikuwa na tanuri za mikate, na ndani yake ilipatikana mihuri ya mikate ya jeshi. Katikati ya sakafu wamechorwa samaki wawili. Maandishi ya Kigiriki yanasema kwamba mozaiki hiyo iligharimiwa na Gaianus, aitwaye pia Porphyrius, akida, ndugu yetu, kwa fedha yake mwenyewe, na kwamba fundi alikuwa Brutius. Kwingine mwanamke aitwaye Akeptous ametoa meza kwa Mungu Yesu Kristo iwe ukumbusho. Pembeni wanaombwa wakumbukwe wanawake wanne: Primilla, Cyriaca, Dorothea na Chreste.

Wachimbaji waliikadiria sakafu hiyo kuwa ya mwaka 230 hivi. Baadhi ya wataalamu huisogeza mbele hadi mwisho wa karne ya 3 au zaidi. Hata tukiwakubalia kiasi, jambo la kushangaza linabaki. Cheo cha Gaianus kimeandikwa waziwazi, kwa vijiwe, sakafuni, mahali ambapo kila aliyeingia angekisoma. Hakukificha, na waumini wenzake hawakuona aibu kumwita ndugu na akida kwa pumzi moja. Fedha aliyolipa ilitoka kwenye mshahara uliohesabiwa chini ya bendera za kikosi. Hakuna risala iliyoandikwa kumtetea, na mfiadini hakuwa. Ndiyo maana hadi mwaka 2005 hakuna aliyejua kwamba aliwahi kuishi.

Basi yule aliyekaa kimya alifikaje mahakamani? Mwanahistoria wa Kanisa Eusebius wa Kaisaria ana kisa kinachojibu vizuri kuliko nadharia yoyote. Marinus alikuwa askari wa Kaisaria, mtu wa ukoo na mali, na mwaka 260 hivi zamu yake ya kupandishwa kuwa akida ilifika. Alipokaribia kukabidhiwa fimbo ya mzabibu, ambayo ndiyo alama ya cheo hicho, mwenzake aliyekitamani alijitokeza akasema kwamba kwa sheria za kale Marinus hafai, kwa kuwa ni Mkristo na hawatolei makaisari sadaka. Jaji alimpa saa tatu afikiri. Askofu Theotecnus akamshika mkono hadi kanisani, akalifunua kidogo vazi lake na kumwonyesha upanga uliokuwa kiunoni, akauweka na kitabu cha Injili mbele yake, akamwambia achague. Marinus alichagua kitabu, akarudi, akauawa.

Watu wengi hukumbuka upanga na kitabu. Mimi nakuomba uyakumbuke yaliyotangulia. Marinus alikuwa ametumikia kwa miaka hadi kufikia kupandishwa cheo, na katika muda huo hakuna aliyeona haja ya kumsemea. Kilichomfichua ni wivu wa cheo. Jeshi lilikuwa na uwezo mkubwa wa kufumba macho mradi mtu anafanya kazi yake, na uwezo huo uliisha pale mwingine alipopata faida kwa kuyafumbua.

Kutoka hapo tunaingia kwenye hati za kesi, sehemu inayowavuta wanafunzi wengi na yenye mitego mingi. Iliyo bora kuanzia ni ya Maximilian. Tarehe 12 Machi 295, huko Tebessa, mashariki mwa Algeria ya leo, kijana wa miaka 21 aliletwa mbele ya liwali Dion ili aandikishwe jeshini. Baba yake, Fabius Victor, alikuwepo naye. Wakampima urefu: futi tano na inchi kumi za Kirumi. Akaamriwa avishwe shingoni muhuri wa madini ya risasi, kitambulisho cha askari mpya. Akakataa, akisema anao tayari muhuri wa Kristo, na kwamba hawezi kutumika jeshini kwa kuwa ni Mkristo. Dion alimgeukia baba amshauri mwanawe. Baba akajibu kwamba kijana ana akili zake na anajua linalomfaa.

Ndipo Dion akatoa hoja ambayo wanahistoria hawajaacha kuinukuu. Alimkumbusha kwamba katika walinzi wa makaisari wote wanne waliotawala pamoja wakati huo wamo askari Wakristo, na wanatumikia. Maximilian hakubisha. Alisema wao wanajua linalowafaa, naye ni Mkristo hawezi kutenda uovu. Dion akamwuliza hao wanatenda uovu gani. Akajibu kwamba liwali mwenyewe anajua wanachofanya. Mazungumzo yakakwama hapo, na hukumu ikasomwa. Kabla ya kukatwa kichwa kijana alimwomba baba yake ampe mtekelezaji wa hukumu nguo mpya alizokuwa ameandaliwa kwa ajili ya jeshi.

Wapo wataalamu wanaotilia shaka uhalisi wa hati hii, na ukiendelea na somo utakutana na hoja zao. Lakini jiulize: mtungaji wa kuwasifu wafiadini angefaidika nini kwa kutia maneno ya Dion? Yanapunguza nguvu ya shujaa wake. Na zile nguo mpya? Mtu aliyemwandalia mwanawe nguo za jeshi hakutarajia akatae. Vitu vidogo visivyoisaidia hadithi ndivyo vinavyonifanya niiamini, angalau kwa sehemu kubwa.

Miaka mitatu baadaye, kule Tangier katika Moroko ya leo, akida Marcellus alivua mkanda wake, alama ya utumishi wa jeshi, mbele ya bendera za legioni, katikati ya karamu ya siku ya kuzaliwa kwa makaisari. Sikukuu tena. Na mwaka 304, huko Durostorum, sasa Silistra nchini Bulgaria, aliletwa askari mkongwe Julius, aliyetumikia miaka 27 na kwenda vitani mara saba. Jaji wake, Maximus, anapendeza kuliko majaji wote wa hati hizi. Alimsihi Julius atie uvumba kidogo tu aende zake. Alisema kama ni dhambi ataibeba yeye. Akaahidi kumlipa bakshishi ya miaka kumi ya kaisari. Alikuwa anatafuta namna ya kumwokoa askari mzee asiye na doa kazini. Julius alikataa. Alikuwa ameitunza imani yake miaka yote ile jeshini; kilichokuwa kimegeuka ni dola.

Iligeuka kuanzia mwaka 299 hivi. Mwandishi Mkristo Lactantius anaeleza kwamba kaisari Diocletian alipokuwa akitoa sadaka ili wapiga ramli wasome matumbo ya wanyama, ramli haikusomeka, na mkuu wao akawalaumu watumishi Wakristo waliokuwepo wakijifanyia ishara ya msalaba. Kaisari aliamuru watu wa jumba lake watoe sadaka au wachapwe viboko, na askari watoe sadaka au wafukuzwe. Eusebius naye anashuhudia kwamba mateso makubwa, yaliyotangazwa mwaka 303, yalikuwa yameanza kimya kimya kwa ndugu waliomo jeshini, ambao wengi walikubali kupoteza cheo na pensheni. Kama Wakristo jeshini wangekuwa wachache wa kuhesabika kwa vidole, amri hiyo isingekuwa na maana.

Hapa nitoe tahadhari moja na kupita. Utakutana na legioni nzima ya Thebes, askari 6,600 chini ya Maurice, waliouawa Agaunum katika Uswisi ya leo. Aliyetuandikia ni askofu Eucherius wa Lyon, karne moja na nusu baada ya tukio, na katika zama za Diocletian legioni hazikuwa na ukubwa huo. George anayemchoma joka naye ana historia ndogo sana na sifa kubwa sana. Wasome kama ushahidi wa karne zilizowapenda.

Kaisari Constantine ndiye anayejulikana zaidi, kwa hiyo nitakuwa mfupi. Kila mtu amesikia habari za ndoto na alama kwenye ngao kabla ya vita vya daraja la Milvio mwaka 312. Mimi navutiwa zaidi na anachosimulia Eusebius kuhusu Jumapili: Constantine aliwapa askari Wakristo ruhusa ya kwenda kanisani siku hiyo, na wasio Wakristo walipangwa uwanjani, wakafundishwa kwa Kilatini sala ya kumwomba Mungu awape kaisari ushindi. Sala hiyo haikumtaja Kristo. Ikumbuke kalenda ya Dura, kisha uone kilichotokea: dola iliendelea kupanga siku za ibada za askari wake kama ilivyofanya daima, ila siku yenyewe ilibadilika.

Kanisa nalo lilibadilika upesi. Mwaka 314 sinodi ya Arles ilitunga kanuni dhidi ya wanaotupa silaha wakati wa amani, maneno ambayo wataalamu bado wanayavuta huku na huku. Mwaka 325 Mtaguso wa Nikea, katika kanuni ya 12, uliwapa adhabu ndefu ya toba askari waliokuwa wamevua mikanda yao kwa ajili ya imani kisha wakarudi jeshini, wengine kwa kutoa fedha ili warudishwe. Hao walikuwa wakirudi katika jeshi la kaisari Licinius, aliyewabana Wakristo kabla ya kushindwa na Constantine. Fikiria mtu aliyevua mkanda kwa ujasiri, akakaa nyumbani bila mshahara, kisha akakopa fedha ya kuhonga ili arudi. Hakuna hati ya wafiadini inayomtaja. Kanuni ya adhabu ndiyo inayomtaja.

Na wengine walipata upenyo. Karibu na Konya, nchini Uturuki, lilipatikana jeneza la jiwe la Marcus Julius Eugenius, ambaye aliyaandika maisha yake juu yake. Alitumikia katika ofisi ya liwali wa Pisidia, akaoa binti wa seneta. Chini ya kaisari Maximinus ilitoka amri kwamba Wakristo watoe sadaka na wasiruhusiwe kuacha utumishi; akateswa mara nyingi, akafanikiwa kutoka, na muda si mrefu akawa askofu wa Laodicea kwa miaka 25. Anaorodhesha alichojenga upya: kanisa, nguzo zake, michoro, mozaiki, chemchemi ya maji. Maneno aliyotumia juu ya mateso ni machache kuliko aliyotumia juu ya majengo.

Nimemweka mwisho padre mmoja wa kijijini, kwa sababu nampenda. Katika miaka ya 340 ngome ya Dionysias, huko Fayum nchini Misri, iliongozwa na Flavius Abinnaeus. Nyaraka zake zipatazo 80, kwenye mafunjo, ziko leo London na Geneva. Mojawapo ni barua ya padre aitwaye Kaor, iliyoandikwa kwa Kigiriki kibovu kweli kweli. Anamsalimu kamanda na watoto wake, kisha anamwombea askari Paulo aliyetoroka: amsamehe safari hii moja tu, akirudia, kamanda atampata mikononi mwake. Hakuna hoja ya amani wala ya vita. Robo karne tu baada ya mateso kukoma, padre na kamanda wanazungumza kama majirani, na kijana aliyekimbia kambi anarudishwa kazini kwa wema wa Kanisa.

Umeona bila shaka ni kiasi gani cha ushahidi huu kimetoka barani mwetu: Carthage, Tebessa, Tangier, Fayum, na Kige'ez cha Ethiopia. Pachomius, aliyeanzisha utawa wa kuishi pamoja, alikutana na Ukristo akiwa kijana aliyekamatwa kwa nguvu kuingizwa jeshini, amefungiwa Thebes huko Misri, na watu asiowajua wakamletea chakula jioni. Bado somo hili hufundishwa kana kwamba ni la Ulaya. Linahitaji wasomaji wa Kilatini, Kigiriki na Kikopti kutoka kwetu, na wapo waliokwisha kusoma Kilatini seminarini wasiojua wakitumie kwa kazi gani. Hati ya Maximilian ni kurasa chache tu, na Kilatini chake ni chepesi. Anzia hapo, na ukifika kwenye maneno ya Dion, usiyaruke.